Chanjo bila daftari: Kikwazo cha mwanafunzi mpya katika chuo kikuu Marekani

KIJANA wa Kenya anayekubaliwa kusoma katika chuo kikuu nchini Marekani huvuka vizingiti vingi kabla ya kupanda ndege. Kuna alama za mtihani, karo, ushahidi wa fedha zilizo benki, mahojiano ya viza katika ubalozi wa Marekani jijini Nairobi, na pengine harambee ya jamaa na majirani ya kumnunulia tikiti. Katika shughuli hizo zote, ni nadra mtu yeyote kumwuliza kama aliwahi kuchanjwa. Anayehamia Marekani kwa ukaazi wa kudumu ndiye anayetakiwa kupimwa na daktari na kuonyesha chanjo zake kabla ya kupewa viza. Mwanafunzi wa viza ya muda kwa kawaida hadaiwi hayo.

Swali hilo humsubiri chuoni. Kabla ya muhula kuanza, kituo cha afya cha chuo humtaka ajaze fomu yenye tarehe za chanjo alizopata tangu utotoni, ithibitishwe na daktari au iambatanishwe na nakala za vyeti. Asiyetimiza masharti hayo huwekewa kizuizi katika usajili: hawezi kujiandikisha kwa masomo, na katika vyuo vingine haruhusiwi kuingia bwenini. Kwa mwanafunzi wa kigeni jambo hili lina uzito wa ziada, kwa sababu viza yake inamlazimu asome idadi kamili ya masomo kila muhula. Akifungiwa usajili kwa muda mrefu, kibali chake cha kuwa nchini humo nacho huingia hatarini.

Lenye kustaajabisha ni kwamba wengi wanaokwama hapo walichanjwa. Mama zao waliwabeba mgongoni hadi kliniki kila tarehe iliyoandikwa kwenye kadi. Kinachowaangusha ni mambo mawili: kadi imepotea, au ratiba ya chanjo ya Kenya haioani na ile inayotumiwa na Marekani. Yote mawili yana suluhisho iwapo mwanafunzi atayajua mapema.

Kwa nini vyuo hudai chanjo

Chuo kikuu ni mahali ambapo maelfu ya vijana kutoka pembe zote za dunia hukutana kwa siku moja. Hulala chumba kimoja, hula katika ukumbi mmoja na hubanana katika kumbi za mihadhara. Ugonjwa unaosambazwa kwa pumzi au mate hauhitaji mazingira bora kuliko hayo.

Ukambi, ambao pia huitwa surua, ndio mfano ulio wazi zaidi. Virusi vyake vinaweza kubaki hewani hadi saa mbili baada ya mgonjwa kuondoka chumbani, na kati ya watu 10 wasio na kinga wanaokaribiana na mgonjwa, tisa huambukizwa. Marekani ilitangaza mwaka 2000 kwamba ugonjwa huo hauenei tena nchini humo mfululizo, lakini umekuwa ukirudi kupitia wasafiri na kuenea miongoni mwa wasiochanjwa. Mlipuko ulioanza magharibi mwa jimbo la Texas Januari 2025 ulisababisha visa 762 na vifo vya watoto wawili, na idadi ya visa nchini kote mwaka huo ilikuwa kubwa zaidi kwa zaidi ya miaka 30.

Vyuo vyenyewe vimeonja shubiri hiyo. Mnamo Aprili 2019, mamia ya wanafunzi na wafanyakazi wa vyuo viwili vikuu vya umma jijini Los Angeles walitengwa baada ya kuhofiwa kwamba walikutana na mgonjwa wa ukambi. Walioweza kuonyesha ushahidi wa kinga waliruhusiwa kurejea shughuli zao. Wasioweza walilazimika kusubiri. Miaka 13 kabla ya hapo, mwaka 2006, matubwitubwi, yaani ule uvimbe wa tezi za mashavu, yalizuka katika jimbo la Iowa na kuenea katika majimbo jirani. Zaidi ya watu 6,500 waliugua nchini humo mwaka huo, wengi wao wakiwa vijana wa vyuo.

Homa ya uti wa mgongo ni nadra, lakini ndiyo inayoogopwa kuliko zote. Ile inayosababishwa na bakteria ya meningokoka humuua mgonjwa mmoja kati ya kila 10 hivi, wakati mwingine katika muda wa saa 24, hata anapotibiwa. Wanaopona huenda wakapoteza kusikia, vidole au miguu. Wanafunzi wa mwaka wa kwanza wanaoishi mabwenini wamo hatarini kuliko vijana wenzao.

Nani huweka masharti

Hakuna sheria moja ya Marekani nzima inayoeleza chanjo za mwanafunzi wa chuo. Kila jimbo lina sheria yake, na kila chuo kinaweza kuongeza masharti yake juu ya hayo. Ndiyo maana ndugu wawili waliojiunga na vyuo viwili tofauti wanaweza kupewa orodha zisizofanana.

Jimbo la New York, kwa mfano, linamtaka kila mwanafunzi aliyezaliwa kuanzia Januari 1, 1957, na anayechukua masomo ya angalau vipimo sita, aonyeshe dozi mbili za chanjo ya ukambi, moja ya matubwitubwi na moja ya rubela. Texas imekaza kamba kwenye homa ya uti wa mgongo. Mwanafunzi mpya aliye chini ya umri wa miaka 22 sharti awe amechanjwa katika kipindi cha miaka mitano iliyotangulia, na chanjo iwe imetolewa angalau siku 10 kabla ya muhula kuanza. Chuo Kikuu cha California, chenye matawi katika miji kadhaa ya jimbo hilo, kina orodha ndefu zaidi: ukambi, matubwitubwi na rubela, tetekuwanga, pepopunda, dondakoo na kifaduro, homa ya uti wa mgongo kwa walio na umri wa miaka 21 au chini, pamoja na uchunguzi wa kifua kikuu. Massachusetts nayo inadai pia chanjo ya homa ya ini aina ya B.

Nyuma ya sheria hizo kuna misiba. Ile ya Texas ina majina ya wanafunzi wawili, Jamie Schanbaum na Nicolis Williams. Schanbaum aliugua homa ya uti wa mgongo mwaka 2008 akiwa mwanafunzi, akaponea chupuchupu lakini akakatwa miguu na vidole. Mwaka uliofuata, jimbo lilipitisha sheria iliyowahusu wanafunzi wa mabwenini. Williams, ambaye hakuwa akiishi bwenini, alifariki kwa ugonjwa uo huo mwaka 2011, na sheria ikapanuliwa ili iwahusu hata wanaoishi nje ya chuo.

Chanjo ya COVID-19 ilidaiwa na mamia ya vyuo mwaka 2021, lakini kufikia 2023 vingi vilikuwa vimeondoa sharti hilo. Isipokuwa fomu ya chuo inaitaja, mwanafunzi hana haja ya kuihangaikia kwa ajili ya usajili.

Mahali ambapo kadi ya Kenya haitoshi

Mpango wa taifa wa chanjo nchini Kenya ulianzishwa mwaka 1980, na umeokoa maisha ya watoto wengi. Uliundwa, hata hivyo, kwa kuzingatia magonjwa yanayowatisha watoto wa Kenya na umri yanapowapata. Marekani ilipanga ratiba yake kwa hali yake. Pengo baina ya ratiba hizo mbili ndilo linalomkwaza mwanafunzi.

Ukambi, matubwitubwi na rubela. Vyuo vingi hudai dozi mbili za chanjo inayokinga magonjwa haya matatu kwa pamoja, maarufu kama MMR. Kwa miaka mingi mtoto wa Kenya alidungwa chanjo ya ukambi pekee akiwa na umri wa miezi tisa. Dozi ya pili, ya miezi 18, iliongezwa kwenye ratiba mwaka 2013, na rubela ikaingia mwaka 2016. Matubwitubwi hayamo kabisa katika ratiba ya umma. Anayetaka chanjo hiyo huitafuta katika hospitali za kibinafsi.

Kikwazo cha pili kimejificha kwenye tarehe. Kanuni ya Marekani haihesabu dozi ya ukambi iliyotolewa kabla ya mtoto kutimiza mwaka mmoja, kwa sababu kinga anayorithi kutoka kwa mama inaweza kuizuia chanjo isifanye kazi vizuri. Kwa hivyo ile dozi ya miezi tisa, ingawa ilimkinga mtoto katika umri wa hatari, kwenye fomu ya chuo ni sawa na sufuri. Chukua mfano wa mwanafunzi aliyezaliwa mwaka 2007: dozi ya miezi 18 haikuwapo alipofikia umri huo. Huenda alidungwa katika kampeni ya kitaifa ya Mei 2016 iliyowalenga watoto wa miezi tisa hadi miaka 14, lakini wengi waliodungwa shuleni wakati huo hawana maandishi yoyote ya kuonyesha. Njia rahisi kwake ni kudungwa MMR mara mbili. Kurudia chanjo hii hakumdhuru mtu aliyekwisha kuwa na kinga.

Sharti kuu hapa ni muda. Dozi hizo mbili lazima ziachane kwa siku 28 kamili au zaidi. Anayekwenda kudungwa wiki moja kabla ya safari ataondoka na nusu ya kazi.

Homa ya ini aina ya B. Chanjo hii imo katika ratiba ya Kenya tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, ikiwa sehemu ya ile sindano ya magonjwa matano ambayo mtoto hupewa akiwa na wiki 6, 10 na 14. Hapa tena tarehe zinagongana. Marekani inataka dozi ya mwisho itolewe mtoto akiwa ametimiza angalau wiki 24, na muda wa wiki 16 uwe umepita tangu dozi ya kwanza. Kadi inayoonyesha dozi tatu safi inaweza kukataliwa kwa sababu hiyo. Kabla ya kuanza mfululizo upya, inafaa kuuliza chuo iwapo kitakubali dozi moja ya ziada au kipimo cha damu kinachoonyesha kingamwili. Anayeanza upya kwa chanjo ya kawaida huhitaji dozi tatu katika kipindi cha miezi sita. Vyuo vingi huridhika mwanafunzi akionyesha kwamba ameanza, kisha akamalizia huko.

Pepopunda, dondakoo na kifaduro. Wengi huchanjwa dhidi ya pepopunda baada ya kuumia, na akina mama wanapokuwa wajawazito. Chanjo inayodaiwa na vyuo ni ile inayojumuisha kifaduro kwa vijana na watu wazima. Sindano ya pepopunda peke yake haitoshi.

Tetekuwanga. Chanjo hii nayo haimo katika ratiba ya umma nchini Kenya. Wengi hudhani kila mtu aliugua tetekuwanga utotoni, lakini katika nchi za joto si ajabu mtu kufikia utu uzima kabla ya kuambukizwa. Baadhi ya vyuo hukubali barua ya daktari inayothibitisha kwamba mwanafunzi aliwahi kuugua; vingine hudai kipimo cha damu au dozi mbili za chanjo.

Homa ya uti wa mgongo. Inayodaiwa ni chanjo ya aina nne za bakteria, yaani A, C, W na Y, na vyuo vingi hutaka iwe imetolewa baada ya mwanafunzi kutimiza miaka 16. Familia za Kiislamu zinaifahamu chanjo hii, kwa kuwa Saudi Arabia huwadai mahujaji cheti chake. Kijana aliyekwenda Haji pamoja na wazazi wake huenda tayari anacho cheti kinachomfaa. Aangalie tu tarehe na aina ya chanjo iliyoandikwa. Chanjo ya aina ya B ni nyingine kabisa, na haichukui nafasi ya ile ya aina nne.

Homa ya manjano. Wasafiri wengi wa Kenya huihusisha safari yoyote ya ng'ambo na kadi ya manjano. Marekani haimdai msafiri cheti hicho anapoingia. Hata hivyo, nchi ambako ndege inatua njiani inaweza kukidai, kwa hivyo ni busara kuulizia. Tangu Julai 2016, cheti cha homa ya manjano hudumu maisha yote, na aliyechanjwa zamani hahitaji kurudia.

Kipimo cha kifua kikuu

Uchunguzi wa kifua kikuu si chanjo, lakini humo katika fomu ileile, na ndio unaowatia hofu Wakenya wengi. Kenya ni miongoni mwa nchi zenye maambukizi mengi, na vyuo vingi huwataka wanafunzi kutoka nchi kama hizo wapimwe.

Karibu kila mtoto wa Kenya hupewa chanjo ya BCG mara anapozaliwa, na kovu lake dogo huonekana kwenye mkono wa kushoto. Chanjo hiyo inaweza kuchanganya kipimo cha zamani cha ngozi, ambacho hudungwa mkononi na kusomwa baada ya saa 48 hadi 72: mkono ukavimba ilhali mwenyewe hana maambukizi. Kipimo cha damu hakidanganywi na BCG. Kwa hivyo mwanafunzi aliyechanjwa BCG anafaa kuomba kipimo cha damu iwapo chuo chake kinakikubali.

Mambo matatu yazingatiwe. Kwanza, vyuo vingi hutaka kipimo kilichofanywa katika miezi michache kabla ya muhula, na vingine havikubali kabisa kile kilichofanywa nje ya Marekani. Ni hasara kulipia Nairobi kipimo kitakachorudiwa huko. Pili, chanjo ya MMR inaweza kuvuruga matokeo ya kipimo hiki kwa muda. Kipimo kifanywe siku ileile ya chanjo au kabla yake; la sivyo, isubiriwe hadi wiki nne zipite. Tatu, matokeo yakionyesha maambukizi, huo si mwisho wa masomo. Mwanafunzi hupigwa picha ya kifua. Mapafu yakiwa safi na bila dalili za ugonjwa, huhesabiwa kuwa na kifua kikuu kilicholala, ambacho hakimwambukizi mtu mwingine. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba karibu robo ya watu wote duniani wamo katika hali hiyo. Hushauriwa kumeza dawa kwa miezi kadhaa ili kisije kikaamka, huku akiendelea na masomo yake.

Aliyepoteza kadi ya kliniki

Kadi ya kliniki hupitia mengi. Hunyeshewa, huliwa na panya, hupotea familia inapohama, au huachwa kwa nyanya mashambani. Nyingine huandikwa siku mtoto anapozaliwa, kabla ya kupewa jina rasmi, zikabeba jina la mama pekee. Afisa wa chuo aliye Ohio hawezi kujua kwamba mtoto huyo ndiye mwenye pasipoti iliyo mbele yake.

Hatua ya kwanza ni kurudi katika kituo alikochanjiwa na kuomba nakala kutoka kwenye rejista, ingawa vitabu vya miaka mingi iliyopita havipatikani kwa urahisi. Hatua ya pili ni kupimwa damu ili kutafuta kingamwili za magonjwa husika. Matokeo yakionyesha kinga, vyuo vingi huyakubali kwa ukambi, matubwitubwi, rubela, tetekuwanga na homa ya ini aina ya B. Hatua ya tatu ni kuchanjwa upya. Mara nyingi hii huwa nafuu na ya haraka kuliko kupima magonjwa yote, hasa kwa MMR, kwa sababu asiyechanjwa dhidi ya matubwitubwi hana hakika ya matokeo ya kipimo chake.

Jambo moja halifai kamwe, nalo ni kununua tarehe. Fomu iliyopigwa mhuri na mtu asiyemchanja mwanafunzi ni udanganyifu unaoweza kumgharimu nafasi yake chuoni. Mbaya zaidi, humwacha bila kinga mahali ambapo kila mtu anaamini kwamba anayo.

Tarehe na majina

Makosa madogo ya uandishi hurudisha fomu nyingi. Wakenya huanza na siku, kisha mwezi. Wamarekani huanza na mwezi, kisha siku. Tarehe 05/09 kwenye kadi ya Kenya ni tano Septemba, lakini Mmarekani huisoma kuwa Mei tisa. Kosa hilo linaweza kufanya dozi ya pili ionekane imetangulia ya kwanza, au dozi mbili zionekane zimekaribiana mno. Dawa yake ni kumwomba daktari aandike jina la mwezi kwa herufi.

Jina kwenye cheti lifanane na la pasipoti, herufi kwa herufi. Kila chanjo iandikwe kwa jina lake kamili, pamoja na tarehe, sahihi na mhuri wa kituo. Mwanafunzi apige picha ya kila karatasi, aihifadhi katika barua pepe yake, kisha abebe nakala halisi katika mkoba wa mkononi. Mizigo ya ndege hupotea.

Kalenda ya maandalizi

Vyuo vingi vya Marekani hutoa majibu kufikia mwanzoni mwa Aprili, na masomo huanza mwishoni mwa Agosti. Hiyo ni miezi minne na zaidi, muda wa kutosha iwapo utatumiwa vyema.

Mwezi wa kwanza ni wa kutafuta kadi, kusoma fomu ya chuo kutoka tovuti yake na kumwandikia afisa wa kituo cha afya pale penye shaka. Mwezi huohuo mwanafunzi adungwe dozi ya kwanza ya MMR na, ikihitajika, ya tetekuwanga. Chanjo hizi mbili hutolewa siku moja. Zikitenganishwa, lazima ziachane kwa siku 28. Dozi ya kwanza ya homa ya ini aina ya B nayo yaweza kuanzwa siku hiyo. Mwezi wa pili ni wa dozi za pili. Mwezi wa tatu unatosha kwa homa ya uti wa mgongo na ile ya kifaduro. Mwezi wa nne ni wa kutuma fomu na kusubiri jibu. Vyuo vingine huchukua wiki kadhaa kukagua, hasa mwezi Agosti wakati maelfu ya fomu humiminika pamoja.

Aliyekwisha kuchelewa asikate tamaa. Adungwe dozi moja kabla ya kuondoka na amalizie huko. Baadhi ya majimbo hutoa muda wa neema. New York humruhusu mwanafunzi kuhudhuria masomo kwa siku 30 akiendelea kutimiza masharti, na anayetoka nchi nyingine anaweza kuongezewa hadi siku 45 akionyesha juhudi. Bima ya afya ya wanafunzi mara nyingi hulipia chanjo hizi, lakini ni vyema kuuliza kabla ya kudungwa, kwani bei ya chanjo Marekani kwa asiye na bima huwa kali.

Wanaosamehewa

Wapo wasiopaswa kudungwa baadhi ya chanjo. MMR na tetekuwanga zina virusi hai vilivyodhoofishwa, kwa hivyo hazitolewi kwa mama mjamzito wala kwa mtu ambaye kinga ya mwili wake imeshuka sana, akiwemo anayeishi na HIV ambaye kinga yake iko chini. Daktari huandika barua, na chuo humsamehe bila kumtaka aeleze siri zake kwa walimu au wenzake. Ifahamike pia kwamba Marekani iliondoa marufuku ya kuingia kwa watu wanaoishi na HIV mnamo Januari 2010.

Majimbo mengi pia husamehe kwa sababu za kidini. Hata hivyo, msamaha wa aina yoyote una gharama: mlipuko ukitokea, asiyechanjwa anaweza kuzuiwa kufika chuoni hadi hatari ipite.

Somo kwa wazazi

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kinga aliyopewa mtoto ni mali, na daftari lake ni ile kadi ya kliniki ambayo wazazi wengi huitupa mtoto anapoingia darasa la kwanza. Kadi hiyo inafaa kuhifadhiwa pamoja na cheti cha kuzaliwa, na kila sindano ya kampeni au ya shuleni iandikwe humo siku inapotolewa. Mtoto anayedungwa leo katika zahanati ya mashambani anaweza kuhitaji tarehe hiyo miaka 18 baadaye, akiwa mbele ya dirisha la usajili ng'ambo, na mwenye kuikumbuka akiwa mama yake aliye mbali naye.